Barua Kati ya Rambirambi

Mume wangu alijenga kiwanda cha barafu Homa Bay kabla hatujamaliza kuezeka nyumba yetu ya Migori, na kwa miaka mingi nilikiona kiwanda kile kama mke mwenzangu. Yeye alikuwa fundi wa majokofu, mimi mwalimu wa Kiswahili katika shule ya upili. Siku za wiki alikuwa wa kiwanda. Jumamosi alikuja kwangu na nguo zinazonuka amonia, akala, akalala, akaamka akizungumzia kompresa.

Kiwanda chenyewe ni banda la mabati karibu na ziwa, lenye kompresa mbili na tangi kubwa la maji ya chumvi. Makopo marefu yaliyojaa maji safi huzamishwa ndani ya tangi hilo hadi maji yagande, kisha mapande ya barafu hutolewa, huvunjwavunjwa na kuuzwa kwa akina mama wanaonunua samaki ufuoni na kuwasafirisha. Ni kazi inayokula stima sana. Bili yetu haikuwa kama ya nyumbani. Tulihesabiwa pamoja na viwanda, na masharti ya viwanda yalisema kwamba mteja anayechelewa kulipa ataongezewa faini kila mwezi hadi amalize deni. Sharti hilo mimi sikulijua. Mambo ya karatasi za kiwanda yalikuwa yake.

Alifariki asubuhi moja akiwa kazini, moyo ukiwa umesimama ghafla. Aliyenipigia simu ni fundi wake, mzee kutoka Magunga aliyefanya naye kazi tangu banda lilipokuwa nguzo nne tu.

"Mwalimu," aliniambia, "njoo. Lakini usije peke yako."

Kiwanda kilifungwa wiki sita. Fundi alizima mitambo yote, akatia kufuli langoni, akaja Migori kukaa nasi matangani. Nyumba ilijaa watu. Watu walikuja na sukari, na mbuzi, na bahasha, na kila mtu aliyeingia aliniambia, "Mos, mos ahinya," pole, pole sana, nami niliitikia bila kujua naitikia nani. Hata sasa siwezi kusema kwa hakika nani alikuja siku gani.

Baada ya mazishi ndugu walishauri kiwanda kiuzwe. Nilikuwa nimestaafu mwaka uliotangulia, na nilielekea kukubali. Ni fundi aliyenizuia. Alinichukua hadi kwenye kompresa, akaiwasha, akaniambia niweke kiganja juu yake.

"Hii imetulia," akasema. "Ikianza kutetemeka hivi," akatikisa mkono wake kama mtu mwenye homa, "ujue iko na shida. Hiyo tu ndio masomo ya kwanza. Ingine nitakufundisha pole pole."

Nilimwambia mimi ni mwanamke wa chaki. Akasema marehemu naye alianza akiwa hajui kitu, ila hakupenda watu wajue. Nilicheka kwa mara ya kwanza tangu msiba. Nikabaki.

Miezi miwili baadaye ilikuja bili iliyonifanya nikae chini. Mita yetu ya zamani ilikuwa imeharibika kioo chake, haisomeki, na kampuni ya umeme ilikuwa imeibadilisha. Kwa muda ambao haikusomeka walikadiria matumizi yetu kwa kutazama miezi ya nyuma, wakati kompresa zote mbili zilikuwa zikifanya kazi mfululizo. Maana yake ni kwamba walitutoza stima ya wiki sita ambazo lango lilikuwa na kufuli na fundi wangu alikuwa Migori akipasua kuni za matanga.

Nilienda ofisini kwao nikaeleza. Kijana wa kaunta alinisikiliza vizuri, akaandika malalamiko yangu, kisha akasema kompyuta haijui msiba. Alisema vile bila ubaya. Alinishauri nilipe kwanza, nilalamike baadaye. Nilikataa kulipa bili ile, lakini nikaendelea kulipa bili za kila mwezi kwa wakati. Sikujua kwamba kila shilingi niliyolipa ilipelekwa kwanza kwenye lile deni la zamani, kwa hiyo kila bili mpya nayo ilionekana haijalipwa, nayo ikapata faini yake ya kuchelewa. Baada ya miezi kadhaa, faini zilikuwa zimekaribia kulingana na bili yenyewe. Nilihisi kama mtu anayechota maji kwa kikapu.

Kisha wakatukatia stima.

Walikuja vijana wawili na ngazi, wakiwa na adabu, wakaomba radhi kabla ya kupanda. Kulikuwa na mapande ya barafu kwenye makopo, na akina mama wa samaki walikuwa wamepanga masanduku yao nje wakingoja. Mmoja wao, mama mnene mwenye sauti ya kuita mtu toka ng'ambo ya bonde, aliwatazama vijana wakishuka na ngazi yao, kisha akanitazama mimi. Nilitarajia lawama. Samaki wa siku ile walikuwa tayari wamenunuliwa.

"Sasa tunasimama kwa nini?" aliwauliza wenzake. "Toeni barafu yote kabla haijayeyuka. Mwenye samaki wengi achukue nyingi. Mwalimu, wewe kaa kwa kivuli."

Walifanya kazi ile wenyewe hadi tangi likabaki maji matupu. Jioni alirudi kunilipa barafu ya wote, akiwa amekusanya pesa sanduku kwa sanduku. Nilimwambia siku kama ile sikuwa na uso wa kupokea pesa. Akanifunga vidole juu ya noti na kwenda zake.

Mtu wa pili ninayemkumbuka kwa siku zile ni mfanyabiashara mmoja wa Migori, Mwislamu aliyetoka Lamu miaka mingi iliyopita, anayewauzia wachimba dhahabu wa Osiri pampu, mikanda na jenereta. Mume wangu alikuwa akinunua vipuri kwake. Mimi nilimpenda kwa sababu yangu mwenyewe: nilipoanza kufundisha, Kiswahili changu kilikuwa cha vitabuni, na nilikuwa nikipita dukani kwake nikijifanya nataka balbu, ili nimsikie tu akizungumza. Nilipomweleza yaliyotupata aliagiza chai.

"Dada yangu," akasema, "hapo nyuma pana jenereta iliyorudishwa na mteja. Haijapata mnunuzi. Ichukue."

"Kwa bei gani, kaka?"

"Ichukue, nimekwambia. Bei huulizwa na mtu anayenunua. Wewe hununui, wewe unavuka tu shida hii."

Jenereta ile iliendesha kompresa moja, na mafuta yalikula faida yote, lakini akina mama hawakulazimika kutafuta barafu kwingine. Fundi aliifunga kwa siku moja, akilalamika tangu asubuhi hadi jua kuzama kwamba inanguruma kama fisi.

Kwa kuwa ofisi haikunisikia, nilitafuta wakili. Nilielekezwa kwa mwanamke kijana mwenye chumba kimoja juu ya duka la mabati, Homa Bay. Alikuwa mjamzito wa miezi sita na alikuwa amevua viatu chini ya meza. Alisoma karatasi zangu zote, akipiga mstari hapa na pale, kisha akaniuliza swali moja.

"Kabla ya bili hii, walikujulisha kwamba wamekadiria? Barua, simu, mtu kuja?"

"Hapana," nilisema. "Hakuna."

"Una uhakika?"

"Kabisa."

Akaniandalia hati ya kiapo. Ndani yake niliapa kwamba sikuwahi kupata taarifa yoyote, kwa maandishi wala kwa mdomo, kabla ya bili ile kufika. Nilitia sahihi bila wasiwasi, maana niliamini kila neno. Kwa nguvu ya hati ile mahakama iliamuru turudishiwe stima wakati kesi ikiendelea, mradi nilipe bili za kila mwezi, na malipo hayo yasipelekwe kwenye deni la zamani. Hakimu akaona pia kwamba ni jambo linaloweza kuzungumzwa, akatupeleka kwa msuluhishi. Tukapewa tarehe.

Jumamosi moja kabla ya tarehe hiyo nilikuwa nyumbani Migori. Mwaka mmoja wa msiba ulikuwa unakaribia, na nilikuwa nimeamua hatimaye kuwashukuru watu walioandika. Kadi na bahasha za rambirambi nilikuwa nimezitia zote kwenye kikapu siku za matanga, nyingine bila kuzifungua, kwa sababu kuna siku ambazo neno moja zaidi la pole lingenivunja. Nikakaa jikoni, jiko la makaa likichemsha maharagwe, nikaanza kufungua moja baada ya nyingine. Kadi ya kwaya. Kadi ya walimu wenzangu. Bahasha ya nne au ya tano ilikuwa ya kahawia, na ndani haikuwa na kadi.

Ilikuwa barua ya kampuni ya umeme. Ilisema kwamba mita haisomeki, kwamba matumizi yamekadiriwa, na kwamba mteja akitaka mita ipimwe mbele yake aje ndani ya siku thelathini. Zikipita, deni litahesabiwa na faini ya kuchelewa itaanza. Mume wangu alikuwa ameandikisha kiwanda kwa anwani ya nyumbani. Mtu fulani aliileta mkononi katikati ya matanga, mtu mwingine akaipokea, na katika msongamano ule ikaonekana ni pole kama pole nyingine.

Niliisoma mara tatu. Kitu cha kwanza nilichofikiria, nasema kweli, hakikuwa mahakama. Nilitazama jiko. Makaa yalikuwa mekundu vizuri. Hakuna aliyejua kuhusu barua hii isipokuwa mimi, na katika karatasi zote ambazo kampuni ilipeleka mahakamani hakukuwa na nakala yenye sahihi ya mpokeaji. Nilikaa na barua mkononi hadi maharagwe yakaanza kuungua. Nikaepua sufuria, nikaikunja barua, nikaitia kwenye mkoba.

Jumatatu nilipita njia ya Rongo hadi Homa Bay, nikamkuta wakili wangu nyumbani kwake. Alikuwa amejifungua siku nne zilizopita. Alinipokea akiwa kitandani, mtoto wa kike kifuani, nywele zimefungwa kitambaa. Nilimpa mtoto pesa kidogo ya kumwona, kama desturi, kisha nikampa mama yake barua.

Alisoma akimpigapiga mtoto mgongoni.

"Mwalimu," akasema, "nikishajua jambo si la kweli siwezi kulisimamia. Hati yako ya kiapo lazima tuirekebishe. Ukitaka kuificha, itabidi nijitoe, na sitasema kwa nini."

"Nikiitoa nitashindwa?"

"Sijui. Utapoteza sehemu. Labda kubwa." Akanitazama. "Na siwezi kwenda nawe. Daktari amenikataza ngazi. Ningeomba tarehe nyingine, au nimtume mwenzangu, lakini kwa msuluhishi mtu anaruhusiwa kujisemea. Sijaona mtu anayeijua kesi hii kukushinda wewe."

Nilimuuliza kama amekasirika. Alisema alikuwa amechoka sana kukasirika, kisha akatabasamu. "Umeileta," akasema. "Kazi yangu ngumu umeshanifanyia." Akaniandikia marekebisho ya kiapo palepale, karatasi ikiwa juu ya mto, mtoto akinyonya.

Tulikutana katika chumba kidogo cha mahakama chenye meza ya duara. Msuluhishi alikuwa mwanamke wa makamo aliyewahi kuwa muuguzi, na alizungumza nasi kama anayepanga wagonjwa foleni: kwa upole, bila nafasi ya kubishana. Upande wa kampuni alikuja afisa mmoja, mtu wa rika langu, mwenye faili nene, pamoja na wakili wao kijana. Fundi wangu aliketi nyuma yangu akiwa amevaa koti la mazishi, kwa kuwa hana jingine.

Niliombwa nianze. Nilikuwa nimepanga maneno mengi, kama mtu aliyefundisha insha miaka thelathini. Yote yalinitoka. Nikafungua mkoba nikaweka barua mezani.

"Niliapa kwamba sikupata taarifa," nikasema. "Nilikosea. Ilifika nyumbani kwangu wakati wa matanga. Sikuifungua. Nimeiona wiki iliyopita."

Wakili wao aliivuta karatasi haraka, akaanza kusema kwamba kwa hali hiyo madai yangu yote hayana msingi. Afisa alimgusa mkono. Akaichukua barua, akaitazama tarehe, akanitazama mimi.

"Mama, unajua kwamba sisi hatukuwa na ushahidi kwamba hii ilikufikia?"

"Najua."

"Wakili wako anajua umeileta?"

"Ndiye aliyeandika marekebisho."

Aliirudisha barua mezani. Msuluhishi hakumharakisha. Kisha afisa akalegeza tai, akafungua faili lake kutoka mwisho badala ya mwanzo, akaanza kupekua. Alitoa karatasi mbili ndogo.

"Basi na mimi niseme," akasema. "Msomaji wetu wa mita alifika pale mara mbili. Haya ni maandishi yake. La kwanza, 'Lango limefungwa.' La pili, 'Lango limefungwa, majirani wanasema kuna msiba.' Makadirio yalifanywa bila mtu kuyatazama haya. Mimi mwenyewe nimeyaona juzi nikijiandaa."

Nyuma yangu nilimsikia fundi akivuta pumzi. "Si nilisema!" akanong'ona, kwa sauti ambayo kila mtu alisikia.

Wakili kijana alitaka kusema jambo, lakini afisa aliendelea. Alisema mita ya zamani bado iko stoo. Kilichokufa ni kioo tu; hesabu ya ndani inaweza kusomwa na mafundi wao. Aliomba wiki mbili. Msuluhishi akaniuliza kama nakubali isomwe, na kama nitakubali itakachosema hata kikiwa dhidi yangu. Nilimgeukia fundi. Akatikisa kichwa kukubali.

"Hiyo mita ni mzee kama mimi," akasema. "Haiwezi kudanganya."

Mita ilisomwa sisi tukiwepo. Ilisema ukweli, na ukweli haukuwa wa upande mmoja. Sehemu ya bili ilikuwa halali: stima tuliyoitumia kweli kabla ya msiba na baada ya kufungua. Sehemu kubwa zaidi haikuwa na msingi. Tulipokutana tena makubaliano yaliandikwa kwenye kurasa mbili. Deni lisilo la kweli liliondolewa pamoja na faini zake zote. Faini zilizotokana na malipo yangu ya kila mwezi kupelekwa mahali pengine ziliondolewa pia. Lakini kwa ile sehemu niliyodaiwa kihalali nilitakiwa kulipa faini ya kuchelewa, kuanzia siku ya thelathini baada ya barua. Bila ile barua ningeweza kukataa hata hiyo. Tulikubaliana nilipe kwa awamu, mwaka mzima.

Nilitia sahihi nikilia. Msuluhishi alisogeza kisanduku cha karatasi laini karibu nami bila kunitazama, kama muuguzi anayejua mgonjwa hataki kuonekana.

Nje, kwenye ngazi, afisa alinisubiri. Nilimshukuru. Nilimwambia angeweza kuacha zile karatasi mbili mwisho wa faili lake.

"Ningeweza," akasema. "Asubuhi ile nilikuwa sijaamua." Akavaa kofia yake. "Mama yangu alikuwa mjane. Lakini si hiyo. Ni kwamba ulipoitoa ile barua, niliona aibu kukaa na zangu."

Hatujaonana tena. Nilisikia amehamishiwa mji mwingine. Kila nikiwaombea watu wangu, humtaja kwa kazi yake, kwa kuwa jina lake naliweka moyoni.

Jenereta niliirudisha Migori ikiwa imesafishwa na kupakwa rangi. Mwenye duka hakuitazama, alimwita mkewe atoe halua, akataka nimsimulie habari yote ya meza ya duara, tena polepole, akinikatiza kila nilipokosea neno. Akina mama wa samaki walilipa barafu ya wiki nzima kabla ya kuichukua, mwezi wa kwanza wa awamu, bila mimi kuwaomba. Yule mwenye sauti kubwa alisema haikuwa msaada, ilikuwa biashara, na nisianze kulia tena mbele ya wateja.

Kuhusu wakili wangu, alipofungua tena ofisi nilienda na bahasha ya ada iliyobaki na kuku wawili. Mtoto alikuwa kwenye kapu pembeni ya meza. Fundi alikuwa amekuja nami, na wakati sisi wawili tunazungumza karatasi, alimwinamia mtoto na kumweleza kwa Dholuo, kwa utaratibu kabisa, namna barafu inavyotengenezwa. Mtoto alimkodolea macho muda wote. Alipofika mahali pa kumwaga maji kwenye makopo, akapiga chafya, na mzee akasema, "Eh, huyu ameelewa," na tukacheka wote watatu, dirisha likiwa wazi na sauti za watu wa mabati zikipanda kutoka chini.